Wahalifu wa vita waliokimbilia ng'ambo: maswali ninayoulizwa mara kwa mara hapa Bukavu

Mimi ni mwalimu wa historia hapa Bukavu. Utafiti wangu unafuata njia walizopita watu wanaotuhumiwa kwa mauaji ya kimbari ya Rwanda ya mwaka 1994 na kwa vita vya Kongo vilivyofuata, hasa wale walioishia Ulaya, Amerika na kusini mwa Afrika. Watu hunisimamisha Nyawera, soko la Kadutu au baada ya misa, na maswali yao hufanana. Nimeyaandika hapa pamoja na majibu yangu, kwa ajili ya yule anayeogopa kuuliza mbele za watu.

Mwalimu, wewe ni mpelelezi? Nani anakutuma?

Mimi si mpelelezi, na hakuna aliyenituma. Sina mamlaka ya kumwita mtu wala kumkamata. Polisi anatafuta mtu alipo leo. Mimi natafuta alikuwa wapi siku fulani, alikuwa na nani, alitoa amri gani, na baadaye alitokaje hapa hadi kufika alikofika. Sipokei fedha ya Kinshasa, ya Kigali wala ya kundi lolote lenye silaha. Najua neno langu peke yake halitoshi, kwa sababu Kivu tumeshadanganywa na watu wengi waliokuja na daftari mkononi. Anayetilia shaka asome ninachoandika, aangalie kama kuna wafu niliowaruka.

Kwa nini mambo ya Rwanda yafanyiwe utafiti Bukavu na Goma?

Kwa sababu njia ilipita mlangoni petu. Katikati ya Julai 1994, katika siku chache, takriban watu milioni moja walivuka kutoka Gisenyi kuingia Goma. Kipindupindu kikaua makumi ya maelfu kati yao juu ya mawe ya volkano, mahali ambapo hata kaburi halichimbiki. Upande wetu wengine walivuka Rusizi kutoka Cyangugu, hasa pale wanajeshi wa Ufaransa wa operesheni Turquoise walipoondoka mwezi Agosti. Wazee wa hapa wanakumbuka kambi za Kashusha, Inera, Nyangezi na Panzi kama watu wa Goma wanavyokumbuka Mugunga, Kibumba, Katale na Kahindo.

Pamoja na wakimbizi hao waliingia mawaziri wa serikali ya mpito iliyosimamia mauaji, maofisa wa jeshi lililoshindwa, mabwana wakubwa wa komine na wakuu wa Interahamwe, wanamgambo waliochinja watu. Walipanga kambi kama walivyopanga nchi: watu wa prefektura moja pamoja, wa komine moja pamoja, chini ya viongozi walewale. Chakula cha msaada kilipita mikononi mwao. Novemba 1994 Madaktari Wasio na Mipaka, tawi la Ufaransa, waliondoka kambini kwa sababu hawakutaka msaada wao uwalishe wauaji na kuwapa nguvu. Kwa mtafiti, mpangilio huo una faida kubwa. Ukijua familia fulani ilikaa sehemu gani ya Kashusha, unajua ilitoka komine gani, na unajua ni nani aliyekuwa akigawa kadi za chakula pale.

Kwa hiyo wote waliokaa kambini walikuwa wauaji?

Hapana. Swali hili ndilo linaloniamsha kila asubuhi kufanya kazi hii.

Waliovuka mwaka 1994 walikuwa kwa wingi wakulima, mama wenye watoto mgongoni, wazee na watoto waliopotezana na wazazi. Wengi walitembea kwa sababu kiongozi wao aliwaamuru, au kwa hofu ya jeshi lililokuwa linakuja. Kati yao kulikuwa na watu waliochinja, na kulikuwa na watu waliopanga uchinjaji kwa kalamu na redio. Jina la muuaji lisipotajwa, lawama hulikalia kabila zima. Tumeona matunda yake hapa: Mhutu yeyote akaitwa Interahamwe, Mtutsi yeyote akaitwa mvamizi, hata yule ambaye babu yake alizaliwa Rutshuru au Uvira. Watu wameuawa kwa majina hayo mawili.

Ukisema kwamba mtu fulani, bwana mkubwa wa komine fulani, tarehe fulani, aliamuru watu wafungiwe kanisani, umewaondolea mzigo maelfu ya watu wa komine ile ambao hawakuamuru chochote. Hii ndiyo sababu ninang'ang'ania jina, mahali na tarehe. Simulizi lisilo na vitu hivyo vitatu nalisikiliza kwa heshima yote, lakini siliingizi kwenye faili kama ushahidi dhidi ya mtu.

Na waliowaua watu wetu Wakongo? Na wakimbizi waliouawa msituni? Mbona kila siku ni 1994 tu?

Mama mmoja wa Mwenga aliniuliza hivi kwa hasira, na alikuwa na haki ya kukasirika. Vita vya 1996 vilipoanza, kambi zilivunjwa kwa mabomu. Bukavu ilianguka mwishoni mwa Oktoba, na Askofu Mkuu Christophe Munzihirwa akauawa mjini humu tarehe 29 mwezi huo. Wakimbizi waliokimbilia magharibi walifuatwa hadi Tingi-Tingi na hadi Mbandaka, na wengi waliuawa. Banyamulenge, Watutsi wa Kongo, nao waliuawa mwaka huohuo Kivu ya Kusini. Kisha yakaja ya Kasika mwezi Agosti 1998 na Makobola mwanzoni mwa 1999, raia waliouawa vijijini mwao.

Umoja wa Mataifa uliyaandika hayo katika ripoti iliyotolewa tarehe 1 Oktoba 2010, ile tunayoiita ripoti Mapping. Inahusu kipindi cha Machi 1993 hadi Juni 2003 na inaeleza matukio 617. Inasema hata kwamba baadhi ya mashambulio dhidi ya wakimbizi Wahutu, kama yangethibitishwa mbele ya mahakama yenye mamlaka, yangeweza kuitwa mauaji ya kimbari. Rwanda iliikataa ripoti hiyo. Majina ya watuhumiwa yamefungiwa Geneva, wala hakuna mahakama ya kimataifa iliyoundwa kwa ajili ya makosa hayo. Mahakama ya Kimataifa ya Jinai ya The Hague haiwezi kuyagusa yaliyotendwa kabla ya tarehe 1 Julai 2002, maana mamlaka yake yanaanzia siku hiyo.

Hapo ndipo dhuluma ilipo, na siwezi kuipamba. Waliouawa katika kanisa la Nyange, Rwanda, wana faili Arusha, katika mahakama ya Umoja wa Mataifa kwa ajili ya Rwanda. Waliouawa Kasika hawana. Kwa hiyo nakusanya ushuhuda wa pande zote, na wa Kasika naufanyia haraka zaidi, kwa sababu mashahidi wake wanazeeka bila kuulizwa na mtu.

Watuhumiwa walifikaje Ulaya? Mimi ninanyimwa viza hata ya kwenda kutibiwa!

Wengi walitumia karatasi za kawaida. Hili si jambo jipya. Baada ya vita vya pili vya dunia, Adolf Eichmann alifika Argentina na hati ya kusafiria ya Msalaba Mwekundu yenye jina la Ricardo Klement. Klaus Barbie, aliyekuwa mkuu wa Gestapo mjini Lyon, aliwahi kutumiwa na ujasusi wa jeshi la Marekani, kisha akaishi Bolivia kama Klaus Altmann hadi 1983.

Kwa watu wetu njia zilikuwa kadhaa. Wenye fedha waliondoka mapema: kwa ndege kutoka Goma au Kinshasa hadi Nairobi, kisha mbele. Jean Kambanda, waziri mkuu wa serikali ya mauaji, alikamatwa Nairobi Julai 1997 pamoja na wengine. Kanali Théoneste Bagosora alikuwa amekwisha kukamatwa Kamerun mwaka 1996. Félicien Kabuga, mfanyabiashara tajiri, alifika hadi Uswisi mwaka 1994. Uswisi ilimfukuza, akapanda ndege kwenda Kinshasa, kisha akahamia Kenya. Wasio na fedha walitembea kwa miguu msituni hadi Kongo-Brazzaville, wakasambaa Gabon, Kamerun, Jamhuri ya Afrika ya Kati. Wengine walishuka Tanzania, Zambia, Malawi, Msumbiji.

Halafu kuna maombi ya ukimbizi. Ofisa wa Brussels au Paris alikuwa mbele ya mtu aliyesema amekimbia vita, na hilo lilikuwa kweli. Angejuaje kwamba mtu huyo alisimamia kizuizi cha barabarani ambapo watu walichinjwa? Mkataba wa wakimbizi wa 1951, kifungu cha 1F, unamnyima hadhi ya ukimbizi mtu ambaye kuna sababu nzito za kuamini alitenda kosa la kivita au dhidi ya ubinadamu. Kifungu kipo, lakini kinahitaji habari, na habari zilikuwa huku kwetu, vichwani mwa watu ambao hakuna aliyewauliza. Fulgence Kayishema, anayetuhumiwa kwa mauaji ya zaidi ya watu 2,000 katika kanisa la Nyange, aliishi Afrika Kusini kwa jina la bandia akijiita Mrundi, mpaka alipokamatwa Paarl Mei 2023.

Mtu aliyebadili jina anatambuliwaje baada ya miaka mingi?

Kwa subira, na kwa watu waliomzunguka. Kabuga alitafutwa zaidi ya miaka ishirini, Marekani ikiwa imetangaza zawadi ya hadi dola milioni 5. Alikamatwa tarehe 16 Mei 2020 Asnières-sur-Seine, karibu na Paris, kwa sababu wapelelezi walifuata simu za watoto wake na kuona zinakutana mtaa mmoja.

Mimi sina uwezo wa kufuata simu za watu, wala nisingependa kuwa nao. Nina madaftari ya ubatizo na ya ndoa, orodha za wanafunzi, picha za harusi, barua zilizotumwa kupitia parokia. Tatizo la kwanza ni majina yenyewe. Kwa Wanyarwanda ndugu wa baba mmoja hawana jina moja la ukoo, na Ulaya hawalielewi jambo hilo. R inaandikwa L, jina la Kikristo linawekwa mahali pa jina la kuzaliwa, na asiye na cheti anaandikiwa tarehe 1 Januari. Nimeona mtu mmoja akiwa watu watatu katika karatasi, na watu wawili wakifanywa mmoja. Hili la pili ndilo la hatari, kwa sababu asiye na hatia anaweza kubeba damu ya jina linalofanana na lake. Kwa hiyo jina haliniridhishi mpaka nipate mke, shule, kilima cha kuzaliwa, na angalau mashahidi wawili wasiofahamiana.

Mkulima wa kijijini atakumbukaje tarehe ya mwaka 1994 au 1998?

Hakumbuki tarehe, na hapaswi kulazimishwa. Anakumbuka kwamba maharage yalikuwa yanavunwa, kwamba ilikuwa siku ya soko, kwamba mtoto fulani alizaliwa wiki ile, kwamba redio Agatashya, iliyoanza kusikika kutoka Bukavu Agosti 1994, ilikuwa tayari inatangaza. Kutoka hapo tarehe inapatikana. Namwuliza kila mtu peke yake, na kila mara namwuliza: hili uliliona au ulilisikia? Yote mawili yanaandikwa, ila kwenye kurasa tofauti. Mtu anayesema «sikuona, nilisikia» nampa imani kubwa katika mengine anayosema aliyaona.

Inakuwaje Mfaransa au Mjerumani ahukumu kosa lililotendwa huku?

Kwa kanuni ya mamlaka ya ulimwengu: kuna makosa mazito kiasi kwamba nchi yoyote inaweza kumhukumu mtendaji akiwa ndani ya mipaka yake. Mahakama ya kijeshi ya Uswisi ilimhukumu bwana mkubwa wa komine mwaka 1999. Ubelgiji mwaka 2001 iliwahukumu watu wanne wa Butare, wawili kati yao wakiwa masista wa Sovu. Kanada ilifuata, na Finland, Uswidi, Uholanzi. Mahakama ya Finland ilisafiri hadi Rwanda kusikiliza mashahidi kabla ya kumpa mchungaji François Bazaramba kifungo cha maisha mwaka 2010. Ufaransa ilichelewa sana. Kesi yake ya kwanza ilikuwa ya Pascal Simbikangwa, aliyepewa miaka 25 mwaka 2014, na isingefika hapo bila wanandoa Alain na Dafroza Gauthier, ambao tangu 2001 wamekuwa wakikusanya ushahidi wao wenyewe, kilima kwa kilima.

Kwa sisi wa Kivu, kesi ya kuangaliwa kwa makini ni ya Stuttgart. Ignace Murwanashyaka, rais wa FDLR, kundi la waasi Wahutu wa Rwanda lililo Kivu, aliishi Mannheim na hadhi ya mkimbizi huku wapiganaji wake wakiteketeza vijiji, pamoja na Busurungi ya Walikale mwezi Mei 2009. Yeye na makamu wake Straton Musoni walikamatwa Novemba mwaka huo. Hukumu ilitoka Septemba 2015: miaka 13 na miaka 8. Lakini mashtaka ya ubakaji yaliachwa njiani, hasa kwa sababu ya ugumu wa kuwapata na kuwalinda mashahidi, wanawake waliokuwa mbali, bila jina, bila uso. Nalisema hili kwa uchungu, maana hapa Bukavu hakuna asiyejua kwamba hospitali ya Panzi ilipata jina kwa kuwatibu wanawake waliobakwa. Mwaka 2018 mahakama ya juu ikatengua sehemu ya hukumu ya Murwanashyaka, na Aprili 2019 akafa kabla ya kusikilizwa upya.

Mkongo naye amefikishwa. Roger Lumbala, aliyeongoza kundi la RCD-N, alikamatwa Ufaransa na kesi yake ikafunguliwa Paris Novemba 2025, kwa mambo ya Ituri na maeneo jirani ya 2002 na 2003.

Kwa nini wasirudishwe tu nyumbani wahukumiwe?

Wengine wamerudishwa. Norway ilimpeleka mtuhumiwa Kigali mwaka 2013, na Kanada ilimfukuza Léon Mugesera mwaka 2012, miaka karibu ishirini baada ya hotuba yake ya uchochezi aliyoitoa Kabaya, Rwanda. Rwanda ilifuta adhabu ya kifo mwaka 2007, na hilo lilifungua milango. Uingereza na Ufaransa, hata hivyo, mahakama zao zimekataa mara kwa mara.

Kwa Kongo ni vigumu zaidi. Machi 2024 serikali ya Kinshasa iliondoa usitishaji wa utekelezaji wa adhabu ya kifo, na nchi za Ulaya hazimtoi mtu anayeweza kunyongwa au kupigwa risasi. Waliofurahia uamuzi ule wafikirie hilo: umewapa ngao watuhumiwa waliojificha ng'ambo.

Yaliyopita si ndwele. Makosa haya hayafutiki na muda?

Hayafutiki. Kosa la kivita, kosa dhidi ya ubinadamu na mauaji ya kimbari hayana muda wa kuisha katika sheria ya kimataifa, na Kongo imekubali hivyo. Kuhusu methali: aliyeondokewa na watoto wanne ndiye mwenye haki ya kusema ndwele imepona. Sijakutana na yeyote aliyeisema.

Mahakama ya Arusha imefungwa. Bado kuna wanaotafutwa?

Mahakama ya Arusha ilishtaki watu 93. Ilifungwa mwisho wa 2015, na chombo kilichorithi kazi yake kilitangaza Mei 2024 kwamba hakuna mshtakiwa wake hata mmoja ambaye hatima yake haijulikani. Hao walikuwa wakubwa tu. Rwanda imetuma hati za kukamata zaidi ya 1,000 katika nchi mbalimbali kwa ajili ya wengine. Kwa makosa yaliyotendewa Wakongo, hesabu haijaanza.

Mtuhumiwa akifa, faili linafungwa?

La mahakama, ndiyo. Langu, hapana. Protais Mpiranya, kamanda wa walinzi wa rais, alifia Harare mwaka 2006, na kaburi lake lilithibitishwa mwaka 2022. Augustin Bizimana, waziri wa ulinzi, mabaki yake yalitambuliwa Pointe-Noire. Wawili wa mwisho katika orodha ya Arusha walikuwa wamekufa tangu 1998, mmoja N'Djamena, mwingine inavyoaminika Kinshasa. Kesi ya Kabuga ilisimamishwa 2023 kwa sababu ya akili na afya yake. Hao wote hakuna jaji atakayewasomea hukumu. Waliobaki wanahitaji kujua yaliyotendeka, na mwanahistoria hazuiwi na cheti cha kifo.

Umewahi kumtaja mtu ambaye mahakama ilimwachia?

Namwandika kama aliyeachiwa. Arusha iliwaachia huru watu 14. Callixte Mbarushimana, katibu wa FDLR aliyekamatwa Paris mwaka 2010, majaji wa The Hague walikataa kuthibitisha mashtaka yake Desemba 2011. Naeleza alikuwa na cheo gani na kundi lake lilifanya nini, kisha naeleza majaji waliona upungufu gani. Msomaji ni mtu mzima.

Nimemwona Facebook mtu aliyeua familia yangu. Nifanye nini?

Ndugu yangu, kwanza pole. Usimwandikie. Usisambaze picha yake kwenye vikundi, maana atafuta ukurasa wake na kuhama, na kama ni mtu mwingine utakuwa umemweka hatarini. Hifadhi picha ya ukurasa pamoja na tarehe uliyouona. Kisha kaa chini uandike kwa mkono wako yale unayokumbuka wewe, kabla hujazungumza na majirani, kwa sababu kumbukumbu huchanganyika watu wakisimuliana. Karatasi zako halisi usimpe mtu yeyote, hata mimi. Nipe nakala.

Ufaransa ina kitengo maalumu cha makosa hayo katika mahakama ya Paris tangu 2012. Ujerumani mashtaka hayo yako chini ya mwendesha mashtaka mkuu wa shirikisho, Karlsruhe. Ubelgiji yako kwa mwendesha mashtaka wa shirikisho, Brussels. Mwathirika anaweza kuwaandikia, kwa Kifaransa au kupitia wakili.

Nikikusimulia, nitakuwa salama?

Siwezi kukuahidi usalama wa mji ambao siuongozi. Tangu Goma ianguke mikononi mwa waasi wa M23 Januari 2025, na Bukavu Februari, hofu imeongezeka na mimi naielewa. Ninachoweza kuahidi ni hiki: jina lako halikai pamoja na maneno yako, sitakutaja bila ruhusa, na ukijuta kesho utaniambia nami nitalitoa simulizi lako. Ukiona moyo unasita, subiri.

Kuna malipo?

Hakuna. Ushuhuda ulionunuliwa huvunjwa na wakili kwa swali moja.

Mimi ni mwanafunzi wa historia. Nianzie wapi?

Anza na hukumu za Arusha, zinasomeka bure kwenye intaneti. Soma pia ushahidi uliotolewa mahakamani, maana humo ndimo vilima na majina ya watu yalimo. Soma ripoti Mapping sehemu ya teritware (wilaya) yako, kisha nenda ukawaulize wazee kama imeandikwa sawasawa. Utakuta matukio ambayo hayamo. Parokia nyingi zina shajara za mapadre, na huko hukaribishwa mtu mwenye adabu na mwenye kurudi mara nyingi. Jifunze Kinyarwanda, hata kama nyumbani mnazungumza Mashi au Kilega.

Baba yangu anatajwa katika faili lako. Naweza kuja?

Njoo. Wamekuja wengine kabla yako. Nitakuonyesha yanayosemwa juu yake, isipokuwa majina ya waliosema, na ukiwa na barua au picha inayopinga, nitaiweka humo humo. Hutaulizwa uombe msamaha kwa niaba yake. Ulikuwa mtoto, au hukuwa umezaliwa. Kama unayo anwani ya mtu aliyekuwa naye Kashusha au Mugunga, njoo nayo.